Mstari wa Kamate Ukutani

Mama Tina anasema aliona kwa macho yake. Anasema ilikuwa asubuhi, wakati wa vita, siku zile wenye silaha walioshika mji wa Bunia walipotangaza kwamba Ituri sasa ni jimbo peke yake. Kamate mpaka-rangi aliletwa na gari la askari mpaka mbele ya shule, akashuka anacheka, mikono mfukoni, kama mtu anayekwenda harusini. Askari wakampa chupa ya bia. Kabla ya kuanza kazi akavuka barabara, akaja kwenye meza ya Mama Tina, ambaye siku zile alikuwa anauza uji, akaomba uji wa muhogo, kopo lijae. Sukari hakutaka. Akaenda nao nyuma ya shule kuula peke yake, kama baba anayeficha chakula kwa watoto wake, akarudi, akapanda ngazi, akaikata Kongo kama mtu anavyokata mkate. Mstari mmoja mwekundu, kutoka juu mpaka chini, na Ituri ikabaki upande wake. Alipomaliza, anasema Mama Tina, alirudi nyuma, akautazama, akapiga makofi.

“Na toka ile siku vita ikaingia hapa kwetu,” Mama Tina humaliza hivyo kila mara, akigeuza mandazi yake. “Haikuanza na bunduki. Ilianza na burashi.”

Jina lake la ubatizo ni Françoise, lakini pale mtaani Shari hakuna anayelitumia. Meza yake iko ng’ambo ya barabara, inatazama ukuta wa shule ya msingi, na kila mteja anayeinua macho kuangalia ramani iliyochorwa pale anapewa hadithi pamoja na mandazi. Kavira, binti wa Kamate, ameisikia tangu wakati hajajua kwamba Kamate wa kwenye hadithi na Kamate aliyekuwa baba yake ni mtu mmoja. Alijua alipokuwa darasa la pili. Mwenzake wa benchi alimwambia asimwazime kisu cha kuchongea kalamu, kwa sababu kwao wanapenda kukata.

Tena Mama Tina si mtu mbaya. Siku habari ilipofika kutoka Nizi kwamba shimo la dhahabu limeanguka na Kamate yumo ndani, yeye ndiye aliyefika wa kwanza na sufuria ya chakula. Alilia matanga yote. Halafu akarudi kwenye meza yake na hadithi yake.

Ukuta wenyewe unahitaji kuelezwa. Kamate aliichora ramani ile mara ya kwanza wakati nchi ilikuwa inaitwa Zaire. Aliugawa ukuta kwa miraba, kwa kamba iliyopakwa vumbi la makaa, akanakili kutoka kitabu cha jografia mraba kwa mraba. Nchi aliipaka kijani, mito buluu, mipaka yote nyekundu kwa rangi ya mafuta. Serikali ilipobadilika akaitwa tena, akafunika ZAÏRE kwa rangi nyeupe na kuandika jina la sasa. Lakini jua la jioni likipiga ukuta kwa upande, ile Z bado inaonekana chini yake, kama kovu chini ya poda. Ziwa lililoko mashariki lilikuwa na jina la rais; likarudishiwa lile la mzungu. Jimbo lao, Haut-Zaïre, likawa Province Orientale. Kila mkubwa aliyeingia, Kamate aliitwa na ngazi yake.

Kwenye kona ya chini, upande wa kushoto, penye bahari, aliandika jina lake: Kamate, Bunia.

Wapaka-rangi wa Bunia wana desturi yao. Anayekuja kupaka upya ukuta wa mwenzake hagusi jina la mwenzake. Analizunguka na burashi na kuandika lake chini yake. Kule mtaa wa Mbunya kuna ukuta wa baa wenye majina yanayoshuka moja chini ya jingine, na wengi wa wenye majina hayo walishakufa. Kavira anaijua desturi hiyo kwa sababu kazi ya baba ndiyo iliyomshika na yeye, ile sehemu yake ndogo: kuosha kuta, kuziba nyufa, kupaka nyeupe ya kwanza. Kuchora na kuandika wanaitwa wengine.

Na kwa nyumba yao lile jina lilikuwa zaidi ya desturi. Kamate hakutolewa shimoni. Kaburi hakuna. Mama yake Kavira, Musoki, kila Jumapili akitoka kanisani anapita njia ya shule, anasimama kidogo kwenye kona ya ukuta kama mtu anayepumzisha mguu, halafu anakwenda nyumbani kupika.

Mwaka huu, kabla ya shule kufunguliwa, komite ya wazazi ilikaa. Mwenyekiti wake ni Rachidi, aliyechimba dhahabu miaka mingi, sasa ana duka la simu. Walikubaliana ramani ifutwe, ichorwe mpya yenye majimbo yote ishirini na sita, na Caleb, kijana anayechora mabango ya maduka, apewe kazi. Kavira aoshe ukuta na kuupaka nyeupe. Halafu Rachidi akaongeza neno moja: lile jina kwenye kona lifutwe pia. Watoto hawawezi kusoma chini ya jina la mtu aliyekata nchi.

Mzazi mmoja akauliza, na mstari wenyewe je, si utachorwa tena? Maana Ituri leo ni jimbo, ina gavana, ina kila kitu. Watu wakacheka kidogo. Rachidi hakukasirika. Akasema mstari sasa ni wa serikali. Jina si la serikali.

Kavira alikuwa amesimama mlangoni, ndoo mkononi, maana walimwita kupatana naye siku ya kuanza. Alingoja watu waishe, akamfuata direkta, mkuu wa shule, ofisini. Direkta Josaphat alimfundisha darasa la tano, kabla hajawa direkta, na Kavira anakumbuka vizuri jinsi alivyokuwa anapita na fimbo yake ndefu juu ya ramani ile. Fimbo ilikuwa inafika penye mstari mwekundu wa baba yake, inasimama. “Huu musiandike,” alikuwa anawaambia. “Huu haukubaliwe Kinshasa.” Watoto wote wakauruka kwenye madaftari yao, na Kavira akauruka pia. Miaka mingi baadaye, wakati Kavira alishaacha shule zamani, watoto wa jirani walirudi wakisema mwalimu amewaambia: huu sasa muuandike.

Alimkumbusha jambo hilo, polepole, akaomba jina la baba yake libaki. Direkta akatabasamu kwa upande mmoja wa mdomo.

“Na hauko hata sawasawa,” alisema. “Wa baba yako unachukua mpaka kule Uele. Wa serikali ni mudogo.” Akapanga chaki zake. “Kavira, niko nasikia weye. Lakini komite inasikia batu. Niletee mutu moja mwenye aliona ile siku mambo ingine. Moja tu, na asikuwe mama yako. Nitaacha jina.”

Mtu aliyeona. Kavira alitembea na neno hilo wiki nzima, na kila alipofikiria ni nani mtaani alikuwepo siku ile, alimpata Mama Tina, halafu tena Mama Tina. Wengine walikuwa wamekimbia, au walikufa, au walikuja Shari baadaye kutoka Butembo na Beni, wakaikuta hadithi imeshaiva.

Jumamosi akaanza kuosha. Aliweka ngazi, akapanda na ndoo ya maji ya sabuni, akaanzia juu kama inavyotakiwa, ili maji machafu yasishukie penye kusafishwa. Kaskazini yote ilitoa vumbi tu. Mito ikang’aa. Alipofika upande wa kulia, penye Bunia, maji yaliyokuwa yanamshuka mkononi yakageuka mekundu, yakafika kiwikoni. Alifikiri amejikata. Akaangalia vidole, vizima. Akaangalia kitambaa, kimejaa tope.

Alisimama pale juu, bila kusugua tena.

Akatia kidole kwenye ndoo, akagusa mpaka wa zamani, ule wa Kivu. Mgumu, unateleza, rangi ya mafuta, hautoki hata kwa ukucha. Akagusa mpaka wa Kasai, ambao ngazi ilimruhusu kufikia kwa kunyoosha mkono. Vile vile. Akarudi kwenye mstari wa Ituri, akaugusa kidogo tu kwa ncha ya kidole kibichi. Ukaja wote kidoleni. Akanusa. Ni udongo. Udongo mwekundu wa Bunia, huu huu wanaoukanyaga, uliokamatishwa na kitu cha kunata.

Mtu asiyefanya kazi hii angesema, basi, rangi ni rangi. Lakini Kavira alijua kwamba hakuna mpaka-rangi anayeweka tope kwenye ukuta wa nje, unaopigwa na mvua, isipokuwa anataka lisidumu.

Alishuka, akamwaga ndoo, akaenda nyumbani.

Nyumba yao watu wa Shari huielekeza kwa mlango wake: unapita kinu, unauliza nyumba ya mlango mwekundu. Musoki alikuwa barazani anachagua maharagwe, mgongo umeegemea mlango huo huo. Kavira alikaa karibu naye, akachukua fungu lake la maharagwe, akachagua kidogo kwanza. Halafu akauliza mlango ule baba aliupaka lini, na kwa rangi gani.

Musoki hakuinua kichwa. Alisema ni rangi ya mafuta, ile askari walimpa kwa ajili ya mstari. Jioni ile alirudi na kopo limejaa, kama alivyopewa, na kesho yake akapaka mlango wote, ndani na nje, mpaka likaisha, ili lisionekane nyumbani.

“Nilimuuliza, weye unaiba rangi ya askari?” alisema Musoki. “Akaniambia, mustari yao nimeiwekea udongo na uji. Mvua ya kwanza itaikula. Akaniambia nifunge kinywa, kwa sababu wakijua watamuua.”

Kavira akauliza, na mvua je?

Mvua ilikuja, alisema mama yake. Lakini wakimbizi walikuja mbele ya mvua. Watu walishuka kutoka milimani na magodoro yao, wakajaa katika uwanja wa shule, wakafunga maturubai yao kwenye ukuta ule ule, kwa misumari, kwa mawe, wakalala chini ya ramani majira yote ya mvua. Walipoondoka, wazungu wa misaada waliona ukuta umetobolewa, wakajengea shule baraza ya mabati. Toka hapo mvua haikuugusa ukuta ule hata siku moja. Kamate alikuwa anapita pale kila asubuhi, anaangalia mbingu, anaangalia mabati. Kwenda kuufuta mwenyewe hakuweza. Askari wale walipokwenda, walikuja wengine, na kila aliyeshika mji angemuuliza kwa nini anafuta, au kwa nini alichora. Watu wakaanza kumwita mkata-nchi. Akaenda Nizi kutafuta dhahabu.

“Mama, na mbona hukusema?”

“Nani aliniuliza?” Musoki akapuliza makapi kwenye sinia. “Na bibi ya mutu akisema bwana yake alikuwa muzuri, nani anasikia?”

Siku iliyofuata, Jumapili mchana, Kavira aliwaomba Direkta Josaphat na Rachidi waje shuleni. Rachidi alifika amechelewa, funguo za duka mkononi, akasema hana muda wa kuangalia ukuta, ukuta ameuona. Kavira hakubishana naye. Alipanda ngazi, akalowesha kitambaa, akafuta mstari kuanzia ziwani mpaka karibu na Bunia, akawashushia kitambaa waangalie. Halafu kwa kitambaa kingine kibichi akasugua mpaka wa Kivu kwa nguvu zake zote, akakishusha. Cheupe.

Direkta akataka kujaribu mwenyewe. Akapanda na viatu vyake vya kanisa, akafuta kipande, akashuka anaangalia kiganja. Rachidi akampa funguo amshikie, akapanda na yeye, akafuta kipande kingine kikubwa zaidi, kama mtu anayetaka kukuta mwisho wa jambo. Alipokuwa juu Kavira aliona kinachotokea, akataka kusema, lakini utamzuiaje mwenyekiti wa komite asijionee mwenyewe? Aliposhuka, mstari wa Kamate ulikuwa umebaki kipande kifupi tu kule kaskazini, penye Uele, mahali ambapo hata serikali haikuuhitaji.

Kavira akawaeleza kuhusu mlango, na kopo la askari, na udongo uliotiwa uji, na mvua. Rachidi alisikiliza mpaka mwisho, hakumkatiza, na Kavira alimshukuru moyoni kwa hilo.

“Ilikuwa vita,” alisema Rachidi. “Kitu ilikuwa inakosekana. Labda rangi ya mafuta ilimuishia, akatia udongo. Na ile ya mulango alipata fasi ingine. Siko nasema mama yako anadanganya. Niko nasema ni bibi yake.”

Neno hilo Musoki mwenyewe alikuwa amelisema jana yake.

Direkta alikuwa anajipangusa viganja kwa kitambaa cha mfukoni. Alisema yeye kwa upande wake amesadiki, lakini kesho Kavira anapaka nyeupe, keshokutwa Caleb anaanza miraba yake, na komite itauliza kile kile: nani aliona? Ukuta hauwezi tena kuonyesha kitu. Akaangalia kile kipande kilichobaki, akaangalia chini.

Ng’ambo ya barabara Mama Tina alikuwa anakaanga. Mtu wa pikipiki alikuwa amesimama mezani, kofia yake kwenye usukani, anangoja mandazi yapoe, na Kavira akasikia sauti ile anayoijua ikiendelea juu ya kelele za mafuta, mikono mfukoni, kama mtu anayekwenda harusini, chupa ya bia. Ameisikia mara nyingi mpaka maneno yake yalikuwa yanapita kama wimbo wa kanisa, ambao mtu anauimba huku anafikiria sufuria yake. Safari hii yakamsimamisha.

Kopo lijae. Sukari hakutaka.

Akawaambia wale baba wawili wavuke naye.

Mama Tina aliwaona wanakuja, akafurahi. Alimwambia direkta kwamba viatu vile vya kanisa vimeshachafuka kwa kupanda panda ngazi kama fundi, na kwamba akitaka mandazi ya leo angoje, yale ya sahani ni ya jana, anawauzia watu wa komite. Rachidi akacheka. Kavira akangoja wacheke wamalize.

Akamsalimia Mama Tina kwa heshima, akamwomba awaelezee hawa baba habari za siku ile, toka mwanzo. Hilo Mama Tina hahitaji kuombwa mara mbili. Akaeleza gari, akaeleza mikono mfukoni, akaeleza bia. Mtu wa pikipiki akasogea karibu, maana alikuwa amekosa mwanzo. Mama Tina akafika penye uji.

“Samahani, Mama Tina,” alisema Kavira. “Lile kopo lilikuwa lako?”

“La kwake. Alikuja nalo.”

“Kopo la namna gani?”

“Kopo tu, tupu. La rangi, zile za…” Mama Tina akasimama, kijiko hewani. Akamwangalia Kavira, halafu direkta, halafu mkono wa Rachidi uliokuwa bado mwekundu kwenye kucha. “La kazi yake,” alisema, taratibu kuliko alivyozoea.

“Ulimutilia uji katika kopo la rangi.”

“Ndilo alinipa.”

Mtu wa pikipiki akasema hakuna mtu anakula uji katika kopo la rangi, hata mlevi. Direkta alikuwa ameanza kuelewa. Alimgusa Rachidi kiwiko, na Rachidi akatikisa kichwa kidogo, si kukubali wala kukataa, bali kama anayesema tusikie kwanza.

Kavira aliangalia kutoka mezani mpaka shuleni. Jengo lilikuwa limesimama pale na ukuta wake wenye ramani iliyokosa mstari, na nyuma ya shule hakukuonekana. Hata mtu akisimama juu ya meza ile, nyuma ya shule hakuoni. Alijua kwamba Mama Tina naye anajua, kwa sababu amekaa mahali pale tangu Kavira akiwa mgongoni mwa mama yake. Alijua pia anachomwomba. Hadithi ile imekaa na Mama Tina muda mrefu kuliko bwana wake, imemletea wateja, imemfanya awe yule aliyeona. Ikitolewa uji, inabaki nini?

“Mama Tina,” alisema, “weye ulituletea chakula siku ya matanga, sisahau. Siombi ubadilishe yote. Chupa ya bia iache, makofi yaache. Lakini usiposema, kesho asubuhi nitapaka ile kona nyeupe kama komite inavyosema. Naomba neno moja tu, hapa, mbele ya hawa baba wawili. Ule uji, ulimuona anaukula, ao hukumuona?”

Mafuta yalikuwa yanachemka. Mtu wa pikipiki aliacha kutafuna. Mama Tina aliinua macho, akauangalia ukuta wa shule, ile kona ya chini penye bahari na jina, halafu akainamia karai yake, akachukua kijiko, akageuza mandazi aliyokuwa ameshayageuza.